Nilimficha Uso, Nikauacha Mwito Wake

Mama Ofir mpendwa, nisaidie kabla ya Jumamosi, siku filamu yangu inapoonyeshwa kwenye tamasha. Mimi ni mtengeneza filamu hapa Cali, miaka kumi na sita nawapiga picha watu ambao hakuna anayewatazama, wachota chumvi, waokota taka, na safari hii wanawake wa pwani ya Pasifiki wanaochimba piangua, kombe weusi wa matopeni, na humo kwenye mikoko Dioselina alinieleza mbele ya kamera jinsi wenye bunduki wanavyokata miti kupitisha mizigo yao, nikamwahidi hakuna atakayemjua, na kweli nikaufuta uso wake, nikaibadilisha sauti yake anapoeleza, lakini ule mwito anaoupiga matopeni nikauacha ulivyo kwa sababu ni mzuri, Mama, unasisimua mwili, nikasahau kwamba kila mwanamke kule ana mwito wake ili wenzake wasimpoteze, na watu wa mto mzima wanaijua miito yote. Juzi nilimtumia kipande, akanipigia akicheka, "Mwanangu, umenifunika mpaka mwenyewe sijijui! Ila wifi yangu alikuwa anakuna nazi, hata hakugeuka, akasema, 'Dioselina huyo, anaita.'" Kisha akanyamaza. Tangu hapo sili, kipande hicho kiko mtandaoni wiki nzima sasa kuitangaza filamu, naogopa kukitoa wenye tamasha wakakasirika, naogopa kumpigia nikamtia hofu bure, nifanye nini?

Mwenye hofu, Cali

Binti yangu, hofu yako ni ya haki, ila umeielekeza pabaya. Wenye tamasha watanuna, watakunywa kahawa, yatakwisha. Na hiyo "bure" umeitoa wapi? Mwenzako alinyamaza kwenye simu kwa sababu ameshaelewa. Anasubiri wewe useme.

Halafu hili limenichoma. Barua yako ilikuja na jina lake kamili, jina la mto na la kijiji, eti nichapishe gazetini! Hilo la Dioselina nimelibuni mimi. Moyo unao, mwanangu, lakini hujui kufunga mdomo. Nimekupigia mara nne tangu jana, hupokei, ndiyo maana nakujibu hapa.

Kitoe hicho kipande sasa hivi. Kisha mpigie, umwambie "nimekosea" kabla ya maneno mengine. Muulize ana ndugu gani mbali na mto, umtafutie boti leo hii. Filamu itaonyeshwa siku atakayokubali yeye, asipokubali, haionyeshwi. Na mpaka aondoke, akiingia matopeni asiite, wenzake wamfuate kwa macho. Ameita humo tangu utotoni, leo itabidi anyamaze, na aliyemnyamazisha ni wewe. Piga simu.