Nimemwambia Alvin

Al-Naseem, Riyadh

Kwa dada yangu mpendwa Valary,

Bwana asifiwe. Natumaini barua hii itakupata ukiwa na nguvu, na kwamba mgongo umepungua kukusumbua tangu uanze zile dawa za Kisii. Vipi shemeji Reuben? Vipi watoto? Mvua imefika Keroka, ama bado mnatazama mawingu tu? Mimi mwili ni mzima. Roho ndiyo haitulii, na hiyo ndiyo sababu ya kuandika. Najua utashangaa kupata karatasi siku hizi za simu, lakini sauti nikikutumia husikika sebuleni kwako na kila mtu. Haya nataka uyasome peke yako kwanza. Jerusha, yule rafiki yangu wa Nyamira, amemaliza mkataba na anasafiri, kwa hivyo nampa mkononi.

Kazi si mbaya. Madam ana maneno mengi lakini hana ubaya, na ikama yangu, kile kibali cha kukaa huku, wameilipia. Watoto wake unawajua kwa picha, Rania msichana mkubwa na Rayan mdogo wake. Kabla ya Idi, Madam alinituma niwapeleke sinema, kwa kuwa bosi, mumewe, alikuwa safarini. Rayan alikuwa ametusumbua wiki nzima kuhusu filamu moja ya Kijapani, ya shujaa anayevaa vazi la fedha na kupigana na majitu. Nilienda nikifikiri nitasinzia tu kwenye kile kiti laini.

Sikusinzia, dada. Yule shujaa alikuwa kijana wa kawaida, mtoto wa muuza samaki. Kila akivaa lile vazi alibadilika, na kila akilivua kuna kitu chake cha zamani hakikurudi. Kwanza ulikuwa mkono, halafu sauti, mwishowe uso. Filamu ilikuwa imetiwa sauti za Kiarabu, na pale nilipoachwa nyuma Rania aliniinamia akanieleza. Vita vikaisha, mji ukapona, kijana akaenda nyumbani kwao. Mama yake akafungua mlango asimtambue. Akamkaribisha kama mgeni, akampa chai. Kijana akainywa, akashukuru, akaenda zake bila kusema yeye ni nani.

Nililia mpaka Rania akanipa kitambaa chake cha karatasi. Tukiwa kwenye gari Rayan aliuliza kwa nini hakusema. Rania akamwambia kwamba alikuwa anamlinda mama yake asiumie. Rayan akafikiri kidogo, akasema kwamba lakini mama angetaka kujua.

Tangu siku hiyo sikupata amani. Nilitia chumvi kwenye chai ya bosi. Niliunguza wali mara mbili, kitu ambacho Madam hajawahi kukiona kwangu, akaniuliza kama kuna msiba nyumbani. Nikasema mafi, hakuna. Nilikuwa nasafisha dirisha lile lile, naondoka, narudi, nalianza tena.

Kwa Idi familia ilienda Jeddah kwa mama yake Madam, na mimi nikaenda nao. Siku moja nilitumwa Balad, kwenye soko la zamani, kununua hiliki na ubani. Nikamsikia mwenye duka akimgombeza mchukuzi kwa Kiswahili, kile cha Unguja, na miguu yangu ikaingia dukani yenyewe. Anaitwa Bi Mwatima. Aliletwa huku mwaka wa sitini na nne, baada ya mapinduzi, akiwa mtoto wa kubebwa. Alinikalisha, akanipa kahawa, akauliza nimeacha nani nyumbani. Mtu ambaye hutamwona tena ni rahisi kumwambia. Nikamwambia yote.

Hakunihukumu. Alinieleza kwamba yeye mwenyewe alilelewa na mwanamke aliyemwita mama, na kwamba alikuwa karibu kuolewa alipoambiwa kuwa shangazi aliyekuwa akija na halua ndiye aliyemzaa. Nikamuuliza alihisi nini.

"Mwanangu, niliwasamehe wote wawili," alisema. "Lakini majirani walijua kabla yangu, na hilo halijanitoka mpaka leo."

Nilirudi na ubani, hiliki nikaisahau.

Valary, sasa nifike pale ninapopaogopa. Wewe na mimi hatujawahi kulitaja jambo lile tangu marehemu mama alipolifunga. Mimi nilikuwa kidato cha tatu, wewe umeolewa na bado hujapata mtoto. Mama akasema mtoto awe wako na mimi nirudi shule, na ikawa hivyo. Wewe ndiye uliyekesha naye akiwa na pumu. Wewe ndiye mama kwenye kadi ya kliniki na kwenye mikutano ya shule. Mimi nimekuwa auntie wa kutuma viatu, na vyenyewe kila mara vinambana, kwa sababu sijui mguu wake.

Juma lililopita Alvin alinipigia kwa simu yako uliyoiacha nyumbani ukienda sokoni. Alitaka kunihadithia filamu aliyoiona kwa rafiki yake, kumbe ni ile ile, imeshafika hata huko. Nikamwambia nimeiona. Tukacheka kuhusu yale majitu. Halafu akafika pale penye chai, akasema, "Lakini auntie, hapo wamedanganya. Mama gani hawezi kumjua mtoto wake?"

Nilikuwa nimesimama jikoni na vitunguu mkononi. Ningeweza kusema yalla, kazi inaningoja, nikakata. Badala yake nikamwambia, "Alvin, mimi ndiye niliyekuzaa."

Nilisikia kuku wako. Baadaye akauliza, "Mama anajua unaniambia?" Nikamjibu hapana. Akasema anaenda kuwanywesha ng'ombe maji, akakata. Hajanipigia tena.

Uliponiuliza juzi kama najua kwa nini mtoto hali na anakujibu vibaya, nikasema labda ni umri, nilikudanganya. Ni mimi. Nilipaswa kukuuliza kwanza, na najua ungekataa, ndiyo maana sikuuliza.

Sikufanya hivi ili nikunyang'anye. Hata akiniita auntie mpaka nizeeke, nitaitika. Lakini nusu ya mtaa wetu inajua, dada, na Alvin anazidi kukua kati yao. Akikuuliza, tafadhali usikatae kwa ajili ya kunifunika. Kama una hasira, na una haki, ziwe kwangu. Mkataba wangu unaisha Novemba na kafili, yaani bosi mwenye mkataba wangu, amekubali nirudi. Ukitaka nishukie kwako nitashuka, ukisema nisije kwanza nitakaa Nairobi, kwenye chumba alichonacho Jerusha huko, mpaka uniite.

Nisalimie shemeji Reuben, umwambie sijasahau jinsi alivyompokea mtoto bila kuuliza swali. Wasalimie wadogo, na Mama Nehemiah wa jirani, na wote wa kanisani wanaoniulizia. Mungu akutunzie mgongo wako.

Ukimaliza kuisoma barua hii usiifiche. Mpe Alvin naye aisome.

Ni mimi mdogo wako,
Truphena