Joka Limetoka Mapema

Jumatano, Kansanga

Tena ameanza na joka, karata kubwa kuliko zote! Baba Apiyo huyuhuyu, mume wangu, aliyenifundisha huu mchezo wa karata kwenye simu kabla jeshi halijampeleka mpakani. Alikuwa ananigombeza: “Mama Apiyo, karata kubwa usiitoe mapema. Ngoja adui amalize nguvu zake kwanza.”

Leo nimemshinda kirahisi mpaka nikaudhika. Nikampigia kumuuliza kuna nini huko. “Tuko sawa tu.” Mambo ya kambini hawaruhusiwi kuyasema kwenye simu, najua. Lakini mtu aliyetulia hatoi joka mwanzoni.

Akaomba turudie. Karata ya kummaliza nilikuwa nayo. Sikuitoa. Nimekaa tu nikiitazama, maana mchezo ukiisha, anazima simu.