Ndovu wa Mama Sharon

Jumatatu, 2 Juni 2025
Nimerudi Kasigau kutoka Voi, koo limekauka. Asubuhi nzima nilikuwa sauti ya fisi wa katuni – kucheka tu! Miaka kumi na tisa kwenye kazi hii ya kuigiza: fisi, mama mkwe, muuguzi, maiti mara mbili. Kwenye bango sijawahi kuwekwa. Sasa Derrick, dairekta wetu, ameweka kipande cha filamu mtandaoni, pale mimi mchawi nawaita ndovu waingie shamba la jirani. Kimesambaa kila simu! Nimefurahi kama mtoto.

Jumatano, 4 Juni
Dukani wamenipisha nilipoingia. Nikahudumiwa kabla ya waliotangulia. Nikawaambia ile ni filamu, maneno niliandikiwa. Wakaitikia, "Tunajua, Mama Sharon." Hakuna aliyeniangalia usoni. Sikupenda.

Alhamisi, 5 Juni
Hudson, jirani wa shamba la chini, amekuja kwa mlango wa nyuma. Mzee wa kanisa huyo! Ndovu wamemlia nusu ekari ya mahindi. Ananiomba wakija tena niwapitishe kwa Munyoki, yule anayegombania naye mpaka. Nikacheka mpaka machozi. Yeye hakucheka. Basi nikamjibu kwa ile sauti ya filamu, nzito, ya tumboni: "Nenda nyumbani. Wamesikia."
Utani tu! Lakini mwigizaji akipata mtazamaji wa kumwamini hivyo, atajizuiaje? Aliondoka kinyumenyume.

Jumapili, 8 Juni
Ndovu wameingia kwa Munyoki. Alitoka na tochi na debe kuwafukuza. Wamemuua.
Sikwenda kanisani. Naogopa. Nimempigia Derrick afute kile kipande. Anasema watu ndio wanaanza kunijua, nivumilie kidogo. Kunijua!

Jumanne, 10 Juni
Wana wa Munyoki wamekuja, Kaveke na mdogo wake Danson. Wako sebuleni. Wamebisha vizuri, wakavua viatu. Kaveke akauliza kama kuna mtu alinituma. Nikaapa. Nikasema ile ni kazi kama ya fundi cherehani, nashona ninacholetewa. Ndovu siwajui, hata mimi huwakimbia. La Hudson sikulitaja.
Ameniangalia sana. Kisha akasema ni kweli, hata kwenye ile sinema nyingine nilizikwa na bado niko. Danson akacheka kidogo! Wamekubali chai. Nimekuja jikoni kuichemsha, naandika huku nikiisubiri. Mungu ni mwema.

Hodi. Mlango wa nyuma. Hudson, jogoo kwapani.
Nimemwashiria anyamaze. Haelewi. Anadhani ndivyo tunavyopokea sadaka, sisi wachawi. Amepiga magoti, anasema kwa ile sauti yake ya kuongoza maombi: "Mama Sharon, mimi niliomba mahindi tu, si mtu. Chukua huyu jogoo, ndovu wasinirudie."
Jogoo anapiga kelele. Chai imefurika jikoni kote. Sebuleni Kaveke anamwambia Danson, polepole, avae viatu