Mizunguko Mitatu ya Mzee Leslie

Al Wukair, Doha
14 Novemba

Kwako kaka Paul,

Pokea salamu nyingi kutoka kwa mdogo wako. Mimi ni mzima, na natumaini wewe, shemeji na mama mnaendelea vizuri, na kwamba mguu wa mama umepungua kuvimba. Huku joto limelegea.

Uliniuliza mzee ninayemtunza ni mtu wa namna gani. Anaitwa Leslie Garnham, Mwingereza wa miaka tisini na nne, anayekaa kwa binti yake, Madam Terry. Ujanani alikuwa dereva wa mbio za magari. Hakupata jina kubwa. Aliniambia kwamba alinunua gari lililokwisha tumika, akalitengeneza na kakake katika gereji ya baba yao, na kati ya 1953 na 1958 akashiriki mbio kubwa nane. Alimaliza tatu tu. Mara moja, Ubelgiji, mvua ikinyesha, alikuwa wa tano. Mwaka wa mwisho gari lilipinduka, nyonga ikavunjika, na kwa miaka arobaini iliyofuata akauza matairi. Mashindano ya magari ya hapa Lusail yakionyeshwa kwenye televisheni, huyatazama bila sauti, na mguu wake wa kulia hukanyaga chini ya blanketi.

Ijumaa moja mwezi uliopita, wenye nyumba wakiwa wametoka, mzee aliendesha gari la nyumbani kwenye uwanja mtupu ulio nyuma yetu. Alizunguka mara tatu, kisha akagonga nguzo. Aliteguka mkono tu. Madam Terry alipouliza nani alimpa ufunguo, mzee alisema aliuomba akapewa. Zaidi ya hapo hakutamka neno. Lawama ikamwangukia dereva, Onyango, yule jirani yetu aliyenitafutia kazi hii. Akaapa kwamba aliuacha ufunguo jikoni kabla ya kwenda kanisani, maana huku ibada huwa Ijumaa, akanigeukia: "Winfred, wewe ulikuwa jikoni. Si uliniona nikiutundika?"

Nikasema sikuona.

Siku ya nne alipandishwa ndege. Nasikia huko nyumbani watu wanasema alifukuzwa kwa ulevi.

Kaka, ufunguo niliutoa mimi. Mzee alikuwa ameniomba wiki nzima. Nilimketisha kwenye usukani, nikakaa kando yake. Mikono yake, ambayo haiwezi kushika kijiko cha uji bila kumwaga, ilitulia kabisa. Alikuwa akinieleza kila kona kabla ya kuiingia, na nilifurahi pamoja naye. Tulipogonga, nilitoka nikakimbia kuita watu kana kwamba nilimkuta hapo.

Jana nilimwambia Madam Terry yote. Hakupiga kelele. Alisema nitaondoka mwisho wa mwezi, na kwamba atampigia Onyango simu mwenyewe. Sijui kama atamrudisha kazini, na sikuthubutu kuuliza.

Ukimaliza kuisoma barua hii, mpelekee Onyango. Aisome kwa sauti, mke wake akiwepo, na majirani wakitaka kusikiliza, wasikilize. Simwombi jibu.

Mpe mama salamu zangu, na shemeji pia. Mama umwambie wewe, kwa sababu mimi nimejaribu kwa simu mara mbili nikashindwa.

Ni mimi mdogo wako,
Winfred Akinyi