Tao la Baba na Tangi la Wakwe

Jumapili, Mweiga. Asubuhi ukungu ulikuwa umeshuka kutoka Aberdare hadi kwenye kamba ya nguo, na mimi nimeamka nikiwa mchumba rasmi wa mtu. Nafurahi. Lakini jana nusura mambo yaharibike langoni, na kosa lilikuwa langu.

Niungame basi.

Mimi ni mwalimu wa historia. Likizo iliyopita nilikuwa nikitayarisha somo la Roma kwenye meza ya mama, baba akavuta kiti. Nikamwonyesha picha za matao ambayo makaisari walijijengea baada ya vita, majina yao yamechongwa juu kwa herufi za kusomeka kutoka mbali. Nikamwonyesha magofu ya jumba lao kwenye kilima cha Palatino, nikamweleza jinsi mgeni alivyopitishwa ukumbi baada ya ukumbi, na kabla hajamwona kaisari alikuwa ameshanywea kwa hofu bila kuambiwa neno. Baba akauliza kama wakwe pia walipitishwa humo. Nikasema bila shaka. Nilikuwa natania.

Baba alikuwa chifu wa lokesheni kwa miaka mingi. Tangu astaafu, watu waliokuwa wakisimama akipita wanamsalimia huku wakitafuna mahindi. Halalamiki. Kila Jumamosi anaipiga brashi ile kofia yake ya kazi, kisha anairudisha kwenye msumari. Laiti ningelikumbuka hilo kabla ya kufungua kompyuta.

Wiki chache baadaye mama aliniambia kwa simu kwamba baba anajenga. Anajenga nini? Utajionea, akasema, akakata.

Nilijionea Ijumaa, nilipokuja kwa ajili ya ruracio yangu, siku ya wakwe kuleta mahari. Langoni pamesimama tao la mawe ya kuchonga. Mawe hayo mama alikuwa ameyakusanya kidogo kidogo ili ajengewe mnara wa tangi la maji. Fundi alikuwa ameagizwa aweke majani ya Kirumi juu ya nguzo, na kwa kuwa hajawahi kuyaona, akachonga kabichi. Kabichi zenyewe ni safi, hata sokoni Karatina zingenunuliwa. Juu ya tao pameandikwa CHIFU kwa herufi kubwa, na chini, kwa herufi ndogo, mstaafu. Inasemekana kaisari akishangiliwa mtu alisimama nyuma yake kumkumbusha kwamba yeye ni binadamu tu. Kwetu kazi hiyo ni ya mama.

Juu kabisa baba aliacha sehemu tambarare, pana kuliko kitanda cha mgeni, kwa sababu tao la kaisari huwekwa sanamu. Alikuwa hajaamua kati ya simba na yeye mwenyewe.

Upana wa lango aliupima kwa pikapu yake. Ilipita ikiwa imekunja vioo vya pembeni, akaridhika.

Wakwe walifika jana saa sita kutoka Timau. Akina mama wao wakaimba nje, wetu wakawajibu ndani, lango likafunguliwa. Wazee wakapita chini ya tao wakiangalia kabichi. Baba alikuwa amesimama mwisho wa njia na kofia yake, akisubiri wanywee.

Kisha likaja lori lao, limebeba tangi jeusi la maji. Mwenda, mchumba wangu, alikuwa amemuuliza mama angependa kuletewa nini.

Tangi lilikuwa pana kuliko lango.

Tuna mlango mwingine wa nyuma, wanakopita ng'ombe. Baba hakutaka kuusikia. "Kitu ya wakwe haiwezi pitia mlango ya ng'ombe," akasema. Mjomba wake Mwenda, msemaji wao, naye akakataa kuketi. "Na sisi tukae aje na zawadi iko nje? Ati watu waseme tulikuja mikono mitupu?" Wote wawili walikuwa sahihi, na hapo ndipo shida ilipokuwa. Mtu akanong'ona kwamba nguzo moja ivunjwe. Baba aliiangalia ile nguzo, na nilimwonea huruma.

Niliyaona hayo kupitia dirisha la chumbani. Bibi harusi haonekani mpaka mchumba amchague kati ya wasichana waliofunikwa leso. Lakini nikamsikia mjomba akimwambia dereva ageuze gari.

Nikajitupia leso kichwani, nikatoka mbio na viatu vyeupe kwenye matope. "Baba," nikasema nikiwa ndani ya leso, "Warumi walipitisha maji juu ya matao. Maji ndiyo iliwafanya wapendwe." Hayo ya mwisho sina hakika nayo. Watu wote wakajifanya leso ndiyo iliyosema.

Baba aliangalia juu ya tao. "Pandisheni," akasema.

Wanaume wanane, ngazi mbili na kamba za lori. Tangi likapanda, likaketi pale alipopangiwa simba. Mjomba akalizunguka tao mara mbili. "Sasa hii imeingia ama haijaingia?"

"Iko juu ya jina yangu," baba akasema. "Imeingia."

Mjomba alicheka mpaka akashika kabichi. Wakaketi, wakala, wakakubaliana. Mwenda alinichagua mara ya kwanza. Anadai moyo ndio uliomwongoza. Mimi nilikuwa na matope hadi kwenye vifundo.

Leo baada ya kanisa fundi amekuja kuunganisha mabomba. Bomba la mradi wa maji linapita barabarani, hapo hapo langoni, na nyumba iko chini kidogo. Amesema tao ni imara, ila kwanza tulijaze tangi nusu tu. Baba alisimama langoni na kofia yake, na waliotoka ibadani walisimama kuangalia juu.

Tangu mawe yake yageuke tao, mama alikuwa hamwambii baba lolote ila chai iko tayari. Saa kumi mfereji wa jikoni ulikohoa, ukatoa maji. Mama akafungua dirisha, akaita kwa sauti ya kufika barabarani.

"Chifu! Maji imefika."

Baba aligeuka kuelekea dirishani. Alivua kofia, akaigeuzageuza mikononi, kisha akaivaa tena.

Kesho narudi shuleni, na kidato cha pili wanangoja tuendelee na Roma. Jumba la Palatino nimeamua kuliruka. Jioni hii baba ameniuliza lilikuwa na ghorofa ngapi, nami nimemwambia sijui.