Bakuli la Roshani

London,
Jumapili, 9 Juni 2002

Kwa wifi yangu Ummukulthum,

Assalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh. Nakusalimu wewe na Afra, na kila anayepita mlangoni kwako akauliza habari zangu. Vipi mguu wako, umeacha kuvimba? Ulisema umepata dawa ya kuchua kwa mtu wa Konde. Kama imesaidia niambie, maana na mie magoti yananisumbua. Ngazi za huku Peckham hazina huruma, na lifti hufanya kazi siku inayotaka yenyewe. Ukiacha hayo mimi mzima, namshukuru Mungu. Mvua imenyesha wiki nzima na wenyewe wanasema hiki ndicho kiangazi.

Barua yako ya mwezi wa nne niliipata. Umeniambia Afra ameposwa na harusi ni Agosti, nami nikafurahi mpaka nikakaa kitako. Kisha ukasema hutaki Hamad amuozeshe. Umesema ami aliyekataa kumzika baba hana uso wa kuwa walii wa binti, na umetaka mimi, dada yao mkubwa, nimwandikie kadhi nithibitishe kuwa Hamad alimtupa ndugu yake Muhsin, marehemu mumeo, ili kadhi amuozeshe mwenyewe. Kalamu nimeishika mara tatu nikaiweka. Nitakwambia kilichonizuia, lakini nivumilie, maana inanibidi nianzie mbali, kwa yule bibi wa Kivietnamu ninayemwangalia.

Anaitwa Bi Hien, ana miaka themanini na minne, anakaa ghorofa ya nne na binti yake Lien, mwanamke wa makamo kama mimi, mshona nguo. Kila asubuhi naenda kumwogesha na kumpa chai. Kiingereza chake ni maneno kama kumi, na changu yeye hukicheka. Nikichelewa hunionyesha saa ya ukutani kisha hujifanya amelala. Siku moja alimwambia Lien anifasirie kuwa mkono wangu mzito, bila shaka nilijifunza kwa kuogesha ng'ombe. Nikamjibu kuwa ng'ombe wa kwetu hawalalamiki. Alicheka mpaka meno ya bandia yakamtoka. Tangu hapo ananiita Sista, nami namwita Mama.

Huyu mama, wifi, vita vilimla maisha yake yote. Lien amenisimulia kidogo kidogo, miaka miwili sasa. Walikuwa watu wa kijiji kilicho karibu na mto uliokuja kufanywa mpaka wa kuigawa nchi. Kwanza walikuwa Wafaransa. Mwaka wa hamsini na moja mumewe alikwenda kuuza mchele, askari wa Kifaransa wakampiga risasi njiani kwa kumdhania mpiganaji. Mtoto wake mkubwa, Khai, akaenda akawa mpiganaji kweli, ana miaka kumi na tano. Baada ya miaka mitatu Wafaransa wakashindwa, wakubwa wakakaa mkutano huko Ulaya wakaikata nchi vipande viwili, na wapiganaji wakaambiwa wahamie kaskazini kwa miaka miwili tu, mpaka uchaguzi. Khai alimuaga mama yake kwa kuinua vidole viwili. Mdogo wake Tuan, wa miaka minne, alikuwa amempanda mabegani, naye akainua viwili vyake. Uchaguzi haukufanywa. Ile miaka miwili ikawa ishirini na mmoja.

Wakaja Wamarekani upande wa kusini, na kaskazini wakapewa silaha na Warusi na Wachina. Bi Hien anasema kila aliyekuja alisema amekuja kusaidia, na kila aliyesaidia alichoma kitu. Tuan alipotimia miaka kumi na minane alichukuliwa jeshi la kusini, hakuulizwa. Kwa hivyo mama mmoja akawa na mtoto huku na mtoto kule, na alipoomba hakujua aombe ashinde nani.

Mwaka wa sabini na mbili watu wa kaskazini waliuteka mji wa Quang Tri, na Tuan akafa katika kukimbia. Wenzake walikuja kwa mama wakasema walimwacha kando ya barabara, hawakupata hata nafasi ya kumfukia. Miaka mitatu baadaye kaskazini ikashinda, vita vikaisha, na Khai akaja nyumbani na sare ya washindi. Alivua viatu mlangoni. Mama akamuuliza siku ile ya Quang Tri alikuwa wapi. Akajibu alikuwa huko huko, upande wa pili. Mama akaufunga mlango na viatu viko nje. Baada ya hapo yeye na Lien wakatoroka kwa mashua, wakakaa kambini Hong Kong, mwisho wakaletwa hapa.

Sasa ufahamu desturi yao. Kama sisi tunavyosoma hitma, wao kila mwaka, siku aliyokufa mtu, humpikia chakula kizuri wakakiweka ndani mbele ya picha yake, na udi ukawashwa. Lakini aliyekufa njiani asizikwe, anavyoshika Bi Hien, haingii ndani na wenzake. Roho yake inatangatanga, na chakula chake ni uji mwepesi na chumvi, nao huwekwa nje. Kwa hivyo mumewe alikuwa na picha na sahani sebuleni, na bakuli la Tuan lilikuwa roshani. Njiwa walilila. Jirani wa chini alishitaki kaunsili kwa ajili ya hao njiwa, ikaja barua ya onyo, na Bi Hien akaendelea kuweka.

Khai alikuwa akiandika. Kila mwaka barua moja au mbili, tangu mwaka wa themanini na mbili. Mama hakufungua hata moja, wala hakumruhusu Lien azifungue. Alizitia katika kopo la biskuti chini ya kitanda. Mwaka nilioanza kazi mimi mwenyewe niliokota moja mlangoni, akanionyesha kopo kwa kidole, nikaitia. Na nitakwambia kweli: nilimsifu. Nilisema moyoni, huyu ndiye mwanamke mwenye msimamo. Nilikwenda hata kuwasimulia wenzetu kwenye hitma moja huko Edgware Road, wakacheka wakasema huyo angekuwa Mpemba.

Mwezi wa pili mwaka huu ilikuja barua yenye mwandiko mwingine. Hiyo Lien aliifungua. Ilikuwa ya mke wa Khai, kusema kuwa Khai amekufa kwa ugonjwa wa mapafu. Nilipomwogesha Bi Hien ilikuwa kama anayeogeshwa ni mtu mwingine, mkono haukuinuka mpaka niuinue mimi. Mwezi uliopita ikawa siku ya Tuan, mwaka wa thelathini. Lien alikwisha kupika, na uji ulikwisha kuwekwa roshani. Bi Hien akaniambia mimi, wala si binti yake, nimletee kopo. Nadhani kwa binti yake aliona haya.

Lien alizisoma kwa kufuata tarehe, nami nikabaki, maana nilikuwa na kitana mkononi na nywele zake hazijakwisha. Za mwanzo zilikuwa salamu na kuomba radhi. Ya tatu Lien aliisoma nusu akaianza tena pole pole, kisha akanifasiria. Ilikuwa ya mwaka wa themanini na nne. Khai aliandika kuwa alimtafuta mtu aliyekuwa kikosi kimoja na Tuan, akaonyeshwa mahali, akachimba kwa mikono yake siku nne. Alimjua kwa kijiko cha bati ambacho Tuan alikichonga jina lake. Aliifunga mifupa kwa kitambaa, akaitia sandukuni, akaibeba kwa baiskeli mpaka kijijini, akamzika ubavuni mwa baba yao. Wakubwa wake walimwita wakamuuliza kwa nini ofisa amezika adui. Alijibu kuwa alimzika mtoto wa mama yake. Wakamshusha cheo. Mwisho aliandika: mama, Tuan yuko nyumbani, usimweke nje tena.

Bi Hien aliuliza ni mwaka gani. Lien akamwambia. Akahesabu kwa vidole, akarudia kuhesabu. Miaka kumi na minane. Akainuka bila ya kushikwa, jambo ambalo hajalifanya tangu nimjue, akatoka roshani, akawafukuza njiwa, akaliingiza lile bakuli ndani akaliweka mbele ya picha ya mumewe. Uji ulikuwa umeshadonolewa. Alisimama akiutazama. Halafu akasema maneno, Lien akanifasiria huku analia, kuwa mwanawe alikuwa kwao na yeye amemlisha nje kama ombaomba, na yule aliyemrudisha naye amekufa bila ya kujibiwa hata barua moja.

Nilijaribu kumaliza nywele. Akanigeukia akaniuliza kama mie nina ndugu. Nikasema wawili, mmoja amekufa. Akauliza nani alimzika. Wifi, swali lenyewe lilikuwa la kawaida, la mtu kumpa mwenzake nafasi ya kusema yake. Nilijibu: watu. Lien akamfasiria hivyo hivyo, na Bi Hien akaniangalia mpaka nikaokota mkoba wangu nikaondoka kabla ya saa yangu.

Watu. Wewe unawajua watu hao. Uliniandikia kuwa jeneza la Muhsin lilibebwa na watu sita walioletwa kwa gari la serikali, hawajui hata jina la baba yake, na kwamba mtaa mzima ulifunga milango. Yote kwa kuwa Muhsin alichukua kadi ya chama kile kinachotawala, na sisi sote tulikuwa upinzani. Muhsin, aliyekuwa akitukwangulia ukoko wa sufuria akala wa mwisho yeye. Ukaniambia uliona nyumba ya Hamad nayo imefungwa, na tangu siku hiyo hukumjibu salamu.

Siku ile Hamad alinipigia simu kutoka posta ya Wete. Alisema Muhsin amefariki alfajiri, na wenzetu wa chama wametoa neno kuwa asiende mtu. Akasema dada, mie nimeshavaa kanzu, nakwenda kumzika ndugu yangu, wao waseme watakalo. Alinipigia kwa heshima tu, anijulishe. Mimi ndiye niliyemkataza. Nilimwambia akikanyaga maziko yale asiniite dada tena, wala asihesabu kuwa tulilelewa pamoja. Alilia kwenye simu. Alisema dada, ni Muhsin. Nikamwambia Muhsin alikwisha kuchagua wazikaji wake. Nilikuwa nimekaa kwenye kiti chenye joto, London, hakuna aliyekuwa akinitisha. Hamad alinitii kwa sababu alipokufa mama nilimlea mimi.

Kisha nikakuandikia wewe barua ya pole. Nikaandika kuwa Hamad ana moyo wa jiwe na ameniaibisha. Nilitaka nibaki wifi mwema. Na Hamad amelinyamazia miaka minne, unampita njiani unageuza uso, hakunitaja. Sasa wakubwa wa pande zote mbili wametia saini muafaka wao, nasikia wanakunywa kahawa pamoja. Wao wana la kutia saini. Sisi tutamrudisha Muhsin juu ya ardhi ili tumzike upya?

Jana nilimpigia Hamad nikamwambia akueleze. Akasema yeye hana la kueleza, mwenye neno aliseme mwenyewe. Ndilo hili.

Kwa kadhi nimeandika, ila siyo ile uliyoitaka. Nimeandika kuwa Hamad hakumtupa ndugu yake, alizuiwa, na aliyemzuia ni mimi. Nimetia saini na nimeitia katika bahasha hii hii. Mpe au ichane, ni hiari yako. Lakini Afra mwambie kabla ya harusi, na umwambie kwa jina langu, asije akayasikia kwa watu.

Sikuombi radhi kwa karatasi. Nikialikwa nitakuja nikuombe mbele ya Afra na Hamad. Nisipoalikwa sitauliza sababu.

Nawasalimu nyote mlio hapo. Kabati lile la Muhsin msiliuze, mpeni Hamad kama atalipokea. Mungu amrehemu marehemu na awape nyumba yenye heri Afra na mwenziwe.

Wassalaam,
mimi uliyekuwa ukiniita wifi,
Haifa Msabaha