Kisu Kilichotoka Cheupe

Mgeta, 26 Machi 2025

Mwanangu Prisca,

Pokea salamu za mama yako na zangu. Miili yetu ni mizima, mafua yake yamekwisha, ila roho yangu haijatulia hata kidogo. Natumai wewe na masomo yako huko Mazimbu hamjambo. Barua hii anakuletea Hashimu, dereva wa lori la mboga. Simu sitaki. Mtandao unapatikana pale kilimani tu, na pale husimama kijiji kizima, kila mtu na sikio lake.

Viazi vimeoza, mwanangu. Ukungu umefagia mashamba ya nyumba zote kumi na moja za kikundi. Nje ya hizo, limepona la kaka yako Stefano peke yake, kwa kuwa liko juu kwenye upepo. Unajua mimi ndiye ninayewachanganyia watu dawa kila mwaka: mrututu ule wa buluu, chokaa, maji. Miaka ishirini na sita! Safari hii nilichanganya vilevile, nikachovya kisu vilevile. Kikitoka na wekundu, chokaa haijatosha, naongeza. Kikitoka cheupe, dawa iko tayari. Kilitoka cheupe mara ya kwanza tu, nikawaambia kwa kinywa changu, "Pulizieni, mwaka huu imekubali haraka."

Sasa wanasema nimeuza mrututu wao nikawapa takataka. Mimi! Juzi Yohana, ambaye mwanawe nilimsimamia ubatizo, kanipita njiani kama aliyepita kisiki. Jumapili kanisani benchi zima tulikaa mama yako na mimi tu. Hebu fikiria.

Aliyetuibia ni yule mwanamke wa duka la pembejeo mjini, Chausiku. Jumanne tarehe 8 tunashuka na lori, kikundi kizima, tukaimwage hiyo takataka mbele ya duka lake watu waone. Sina njia nyingine ya kusafisha jina langu. Nimekufungia kidogo kwenye mfuko. Wewe ndiye unayesoma kemia, ipime, uniandikie karatasi yenye maneno mazito.

Baba yako

*

Mazimbu, 2 Aprili 2025

Shikamoo baba,

Nimefurahi mama amepona. Mimi mzima, ila tangu nisome barua yako nina hasira mpaka chakula hakishuki. Yaani wamsusie mtu aliyewachanganyia dawa tangu sijazaliwa! Hawana hata haya?

Nimeipima. Niliitia kwenye maji, nikatumbukiza msumari safi. Mrututu una shaba ndani yake, na shaba hiyo ikikutana na chuma hutoka kwenye maji ikajipaka juu ya chuma, nyekundu, kwa dakika chache tu. Msumari haukupata kitu. Kesho yake ulikuwa na kutu, na kutu si shaba. Nikachoma punje chache kwenye moto wa gesi. Shaba hutoa mwali wa kijani, lakini huu ulikuwa wa njano kali, ambao ni wa sodiamu. Baba, ile ni chumvi ya mawe iliyotiwa rangi ya buluu. Mmekaanga majani yenu wenyewe.

Na kile kisu. Ule wekundu unaouona kila mwaka ndiyo shaba yenyewe, na chokaa ikitosha huishika isitoke. Mwaka huu kilitoka cheupe mapema kwa sababu shaba haikuwamo kabisa. Najua hili litakuuma, lakini ungesomaje usichowahi kukiona?

Ukutani mwa maabara kuna chati ya elementi zote. Shaba alama yake ni Cu, ni kifupi cha neno la Kilatini, kwa hiyo usinikasirikie kwa herufi zisizofanana, wewe umekiimba Kilatini kwenye misa. Sodiamu ni Na, na mwaka ilipopatikana kwa mara ya kwanza unajulikana, 1807. Shaba imeandikiwa "tangu kale" tu. Aliyeigundua hajulikani.

Jana nilikwenda dukani kwa Bi Chausiku nikiwa nimejaa maneno. Alinisikiliza mpaka mwisho, halafu akawaka yeye. "Binti, Idi nimeila na watoto wangu kwa jasho la duka hili, leo uniite mwizi?" Akavuta mfuko uliokuja pamoja na yenu, akakata mshono, "Chota mwenyewe!" Msumari ukawa mwekundu palepale juu ya kaunta. Anasema mifuko yenu iliondoka imeshonwa kwa mashine, kwa uzi wa buluu. Baba, huko ilifika na uzi gani? Na nani aliibeba?

Mwanao,
Prisca

*

Mgeta, 4 Aprili 2025

Prisca,

Mama yako anakusalimu na anauliza kama unakula. Salamu zangu mimi utazipata hasira zikishuka.

Nilikutuma upime dawa. Sikukutuma umchunguze ndugu yako. Unauliza nani aliibeba, kama hujui! Aliibeba Stefano kwa pikipiki yake, kwa hisani, hata mafuta hakudai. Ilifika imefungwa kwa kamba ya katani kwa sababu ilichanika njiani. Amesema mwenyewe, na mimi mwanangu namwamini. Ni Stefano huyuhuyu aliyekununulia koti jeupe la maabara mwezi wa pili, uliposema wenzako wanalo na wewe huna. Ndilo ulilolivaa kumpimia? Loo! Nimesomesha kweli!

Eti aliyegundua shaba hajulikani. Lakini mwizi wetu umeshamgundua wewe, umekaa tu huko kwenye kiti! Yule mwanamke amekupaka mafuta ukateleza. Jumanne tunashuka. Karatasi yako nimeichana, nimebakiza kipande kinachosema chumvi, ndicho nitakachowasomea watu.

Baba yako

*

Mazimbu, 5 Aprili 2025

Shikamoo baba,

Mwambie mama ninakula. Naandika kifupi, Hashimu ameshawasha gari.

Umebakiza kipande cha chumvi ukatupa kipande cha msumari wa Bi Chausiku? Basi na wewe umefungua mfuko ukatia unachotaka. Sikutegemea kitu kama hicho kutoka kwako, na nalia ninapoandika. Wewe umeumia kusingiziwa, halafu unakwenda kumsingizia mwanamke wa watu mbele ya umati!

Shamba la Yohana liko juu kuliko la Stefano, na limeoza. Huo upepo ulimbagua Yohana? Chukua kisu chako, nenda kachovye kwenye pipa la dawa la Stefano kabla hajamaliza kutia chokaa, leo au kesho. Kikitoka cheupe, nitapiga magoti mbele yenu wote wawili.

Jumanne nitasimama mlangoni pa lile duka. Koti nitalivaa. Mkitaka kumwaga, mnimwagie mimi. Baada ya hapo nitalirudisha kwa mwenyewe, silitaki tena.

Mwanao,
Prisca

*

Mgeta, 13 Aprili 2025

Mwanangu Prisca,

Nakusalimu, na leo salamu ni zangu mwenyewe. Mama yako yupo, amelia sana lakini yupo. Najua Jumanne ulisimama mlangoni kutwa na lori halikuja. Hashimu ameniambia Bi Chausiku alikutolea kiti ukakataa kukaa.

Jumatatu jioni nilikwenda kwa Stefano. Nilikwenda ili nikuaibishe wewe, nisikufiche. Nilimkuta shambani anachanganya dawa. Nikachovya kisu pipani. Kikatoka chekundu, mwanangu, kilekile chekundu cha kila mwaka. Naye bila hata kuinua kichwa akaniambia, "Chokaa bado, baba." Nilivyomfundisha! Halafu akaniangalia usoni, akaelewa amesema nini.

Mrututu wetu uliobaki ulikuwa uvunguni mwa kitanda chake. Mwingine aliupeleka bondeni kwa wakulima wa nyanya. Mkono wangu ulitaka kumpiga, nikauweka mfukoni. Nilimuuliza kitu kimoja tu. Ile Jumapili tulipokaa peke yetu benchini, yeye alikaa wapi? Alikaa nyuma, na Yohana. Alituona, akakaa na Yohana!

Jumanne alfajiri watu walikuwa wameshapanda lori. Nikapanda na mimi, na kisu, nikawaambia yote, na jina la mwanangu nikalitaja. Yohana akauliza, "Na wewe hukujua?" Nikamjibu, kisu kiliniambia siku ya kwanza, nikakisikia nilivyopenda. Wakashuka mmoja mmoja. Viazi vya Stefano vitachimbwa na kikundi, viwe mbegu ya nyumba zote, na atakayevibeba mgongoni mlango kwa mlango ni yeye. Bi Chausiku nitakwenda kumwomba radhi kabla ya Pasaka, mbele ya wateja wake.

Sasa koti. Usilirudishe kwa Stefano, si lake. Lilitoka kwenye mifuko ya mrututu ya nyumba kumi na moja, basi ni la nyumba kumi na moja. Jana walikuja kunirudishia kazi ya kuchanganya, nikaikataa. Nimewaambia wa kuchanganya yuko Mazimbu, anakuja likizo, na koti analovaa ni lenu.

Baba yako